Vita vya Uani na Hodi Zake

Kigoda kiwe kifupi. Hilo ndilo la kwanza. Mlezi anayekaa kwenye kiti kirefu anaona vichwa tu, na kichwa cha mtoto hakina habari. Habari iko magotini na mikononi. Kaa chini, weka ukili wa mkeka mapajani uwe unasuka, na usiwatazame usoni. Baada ya muda watakusahau kama wanavyolisahau tangi la maji, na hapo ndipo wataanza kucheza kweli. Mtoto akijua anatazamwa, anacheza kwa ajili yako.

Mimi ni Bi Kidawa. Nimelea watoto kwenye skuli ya maandalizi ndani ya Mji Mkongwe, katika nyumba ya zamani yenye ua katikati, mpaka magoti yakanikataa. Sikuwa mwalimu. Nilisoma mpaka darasa la nne, na walimu wa pale walinikumbusha hilo kila walipopata nafasi. Kazi yangu ilikuwa uani: kugawa uji, kufuta kamasi, kukosha waliojichafua, kuamua ugomvi. Sasa nakaa Mwanakwerekwe kwa binti yangu. Anayenisukuma niandike ni mjukuu wangu Rukia, ambaye ameajiriwa kazi hiihii pamoja na nyinyi wenzake mtakaosoma. Yeye ana cheti cha malezi chenye muhuri. Nimekitia fremu nikakitundika ukumbini mahali ambapo mgeni hawezi kukikwepa. Hata anayekuja kuomba chumvi haondoki bila kuambiwa Rukia amefaulu vipi.

"Bibi, waandikie ile michezo ya vita," kaniambia. "Sisi tumefundishwa tuikataze."

"Mtaikataza vipi?"

"Tunawanyang'anya bunduki."

Nilicheka mpaka nikakohoa.

Skuli yetu iliwahi kuwa na mwalimu mkuu aliyezikataza bunduki. Watoto walikuwa wanazitengeneza kwa pongoo za minazi, ule mti wa katikati ya kuti, wanafunga mbili kwa kitambaa. Mwalimu akazikusanya zote akazitia moto. Kesho yake wakavua ndara, wakashika kisigino, mbele ikawa mtutu. Akaamrisha hakuna kuvua ndara. Tukaja kwenye boflo, ule mkate wa saa nne: mtoto anang'ata kona hapa, anang'ata kona pale, mara kashika bastola. Anampiga mwenzake, halafu anaila. Boflo likasimamishwa, tukagawa mihogo, na nyinyi mnajua muhogo umekaa kama nini. Mwisho wakabaki na vidole. Mwalimu mkuu kasimama katikati ya ua, risasi zinamjia kila upande, "pa, pa, pa," akanitazama mimi kama vile ni mimi niliyewapa vidole.

Kwa hiyo hizo bunduki ziacheni. Bunduki si chochote. Nilifundishwa cha kutazama na Bi Mgeni, mwanamke mwembamba wa Mkokotoni aliyenitangulia katika kazi, asiyecheka ovyo. Siku zangu za mwanzo nilikuwa nawakimbilia kila wakianza kupigana vita. Akanishika kanga.

"Unakwenda wapi?"

"Wanauana, Bi Mgeni."

"Kafa nani?"

"Yule wa shati la buluu."

"Jana alikufa nani?"

Sikujua.

"Na juzi?"

Nikageuka kuwatazama tena.

"Basi kaa kitako. Hujui kitu."

Nikakaa. Alinikalisha siku nyingi, na somo lake lilikuwa moja: mtazame maiti. Anayepiga kelele na kurusha mateke huyo hana neno, atakula uji wake atalala. Mtazame aliyekufa. Kafa kwa ugomvi au kafa kimya? Akishakufa anachungulia, au kafumba macho kweli? Anaamka lini? Na kesho anakufa nani? Wakifa kwa zamu, suka ukili wako. Akiwa ni huyohuyo kila siku, weka ukili chini.

Vita vizuri vina ubishi. Huyu Rukia mnayemwona anatembea kwa adabu na mtandio wake, uani alikuwa jemadari. Wavulana aliwapanga mstari mmoja, na asiyesimama sawa alipelekwa kulinda choo. Sisemi kwa kuwa ni damu yangu, lakini sijapata kuona mtoto wa miaka sita anayejua kuamrisha kama yule. Nawakumbuka wakibishana, yeye na mtoto mmoja mnene:

"Nshakuua."

"Hujaniua, imepita kwapani."

"Imekwenda, imerudi, imekuingia mgongoni."

"Risasi hairudi."

"Yangu inarudi. Baba kanunua Dubai."

Yule mnene akafikiri, akaona hana jibu kwa Dubai, akalala chini. Kidogo akainua kichwa. "Jemadari, maiti anataka kwenda chooni."

"Nenda, lakini ukirudi lala palepale."

Vita vya namna hiyo ni salama kabisa. Msiviguse.

Bi Mgeni alikuwa na sheria moja tu pale uani, na hiyo hakuwa na mchezo nayo. Kuingia nyumba ya mwenzako ni kwa hodi. Nyumba yenyewe ni mstari wa chaki sakafuni, hata mlango haina, lakini ukifika kwenye mstari unasimama unapiga hodi. Mwizi apige hodi. Askari apige hodi. Jini pia apige hodi. Na mwenye nyumba aitikie "karibu", na aliyekaribishwa akae, apewe chai ya mchanga, ainywe mpaka aimalize.

Mtaona ni kitu kidogo. Mimi nimeona majeshi yakifia pale. Rukia kaja na askari wake na pongoo zao, kasimama kwenye chaki:

"Hodi."

"Karibuni. Mmekuja kutuua?"

"Naam."

"Kaeni basi, chai haijachemka."

Wakakaa. Huyu anataka sukari, yule anauliza habari za watoto, mwingine kaanza kulisha mdoli. Kengele ikalia na vita havijaanza. Bi Mgeni alikuwa akinigonga kiwiko bila kutazama juu. Alipoacha kazi aliniachia kigoda na sheria yake, na nikaishika vizuri kuliko yeye. Niliwafundisha watoto kuitikia kwa sauti ya juu na uso mkunjufu, kukimbilia mlango, kumshika mgeni mkono. Kina mama walinisimamisha sokoni kunishukuru. "Bi Kidawa, mwanangu siku hizi anapokea wageni kama mtu mzima." Nilitembea na kifua mbele, sifichi.

Aliyeiweza zaidi alikuwa Himidi. Mtoto mdogo wa mwili, masikio makubwa, shati limepigwa pasi hata mikono, maana baba yake alikuwa fundi cherehani, anashona palepale nyumbani chini. Himidi vita havikumshughulisha. Yeye alitaka kuwa mwenye nyumba. Alikaa ndani ya chaki yake amekunja miguu, na ikipigwa hodi tu anaruka: "Karibuni, karibuni ndani," kwa sauti ya mtu mwenye mashamba. Rukia alikuwa akilivamia lile jumba mara mbilimbili kwa asubuhi moja, kwa kupenda chai yake.

Ukaja msimu wa joto la siasa. Mtu wa Unguja hahitaji kutajiwa ni msimu gani. Skuli ikafungwa, ikafunguliwa, na watoto waliporudi niliona jambo ambalo Bi Mgeni hakunifundisha.

Hawakukimbia. Hawakusema "pa". Walifunga mitandio usoni, yakabaki macho, wakaja mstari mmoja polepole wakipita kutoka nyumba ya chaki hadi nyumba ya chaki. Kila mahali waliuliza, "Baba yuko wapi?" Na aliyeulizwa alisema, "Sijui." Basi. Hakuna aliyebisha. Hakuna aliyesema imepita kwapani. Nimesikiliza kelele za watoto umri wangu wote na sikuwahi kutishwa nazo. Kwa ule ukimya niliuweka ukili chini.

Wakafika kwa Himidi. Rukia akasimama kwenye mstari kama alivyofundishwa.

"Hodi."

Himidi hakuruka. Hakuitika.

"Hodi, Himidi."

Akajilaza chini mwenyewe. Ubavu, magoti kifuani, viganja mdomoni, kimoja juu ya kingine.

"Himidi, hujafa," Rukia akamwambia. "Hatujakupiga bado."

Hakuinuka. Wenzake wakavua mitandio. Mmoja akamtikisa, mmoja akaja kunivuta kanga. Nilikuwa nshasimama. Nilimbeba nikakaa naye nyuma ya tangi, mwili umekakamaa kama kuni, viganja havitoki mdomoni.

"Himidi, Bibi huyu hapa. Nani kakufanya nini?"

Akazungumza ndani ya viganja. "Mimi niliitikia."

Sikuelewa mpaka mama yake alipokuja kumchukua adhuhuri. Akanivuta pembeni ya mlango, akaniambia kwa sauti ya chini, huku akiitazama njia. Jana yake, baada ya alasiri, walikuja watu. Walipiga hodi kwa sauti nzuri, kama wateja walioleta kitambaa cha kushonewa. Mume wake alikuwa keshawaambia wasimfungulie mtu. Yeye mama alikuwa uani anakosha nguo, maji yanamwagika, hakusikia. Aliyesikia alikuwa Himidi. Alikimbia mlangoni, akatoa komeo. "Karibuni, karibuni ndani." Na kwa kuwa alilelewa vizuri, alimshika mkono aliyekuwa mbele akampeleka mpaka kwenye cherehani.

"Wamemchukua na futi lake la kupimia shingoni," akasema. "Hata halijavuliwa."

"Mtoto mmemwambia kitu?"

"Hatujamgombeza, Bi Kidawa. Tumemlea apokee wageni. Tungemleaje tena?"

Wanangu, nitawaambia nilichofanya, msije mkadhani nilikaa nikatazama. Kila ninachokijua nilikitoa. Nilimpa ukili ashike upande mmoja nami upande mmoja, kwa sababu mtoto mwenye kazi mkononi husema. Hakusema. Nilimfanya jemadari juu ya Rukia, na Rukia wangu, ambaye hakuwa akimpa mtu nafasi yake, akaikabidhi bila neno. Himidi akapanga askari wake wote mlango wa skuli, migongo imeuzuia mlango, akawaambia wasimwachie mtu aingie. Alipokuja muuza maziwa, Himidi akaanguka chini.

Nikajaribu dawa kubwa, ile ya kuumaliza mchezo. Mtoto akikwama mahali pabaya, mnaucheza mpaka upite pale, afike upande wa pili. Nikamwambia Rukia, "Leo wewe baba yake Himidi. Umerudi. Ingia." Rukia akaingia anachechemea, kajitia kofia, anakohoa kiutu uzima, ungempenda. "Himidi mwanangu, nimerudi."

Himidi akamtazama shingoni. "Futi liko wapi?"

Rukia akanigeukia. Nikakata kamba ya ukili, nikamvisha shingoni. Nikasema, "Futi hili hapa, baba karudi nalo."

Himidi aliikodolea ile kamba muda mrefu.

"Hiyo kamba," akasema.

Sijui kama mnaona ubaya wa neno hilo. Nina watoto walionikabidhi jiwe wakaniambia ni mtoto mchanga, nishike kichwa vizuri, nami nikashika. Nimekula samaki wa majani. Nimepanda ndege ya ndoo mpaka Makka. Mtoto wa miaka sita anayetazama kamba akaona ni kamba, kwake hakuna mlango mwingine wa kutokea. Ule wa kwanza ukifungwa, amekwisha. Siku ile nilitia ukili wangu kwenye jaa.

Baba alirudi. Watu walisema tushukuru, na tulishukuru, kwa kuwa wengine hawakupata hata hilo. Alirudi kabla ya Ramadhani, na mkono wa kulia haukushika tena sindano. Nilimwita Himidi, nikamkalisha, nikamwambia, "Baba kesharudi. Hukufanya kosa. Umenisikia? Kosa si lako." Akanijibu "Naam," kama anavyojibu anapoitwa jina darasani. Akaondoka akaenda pale kwenye chaki yake, akajilaza, akaweka viganja mdomoni. Kila asubuhi hivyo. Wenzake walimzoea, na hilo nalo liliniuma. Walikuwa wakimruka wakicheza. Mwisho wazazi wakahamia Bwejuu kwa jamaa za mama, na uani pakabaki wazi.

Sheria ya hodi sikuifuta. Ilijifia yenyewe. Watoto walianza kupita juu ya chaki moja kwa moja, bila kusimama, nami nikakosa sauti ya kuwarudisha. Ningewarudisha kwa kuwaambia nini? Chai ya mchanga haikuchemka tena. Mwalimu mkuu aliniuliza kwa nini nimekuwa mkimya. Nikamwambia jino.

Sisemi kosa ni langu. Msije mkaniletea huruma hiyo hapa Mwanakwerekwe. Kosa ni la waliopiga hodi kwa sauti nzuri, na mpaka leo hatujaambiwa ni nani. Lakini fikirini: mtu akitaka kumvunja mtoto hahitaji kumfundisha ubaya. Anatumia kile kizuri ulichomfundisha wewe, kwa jitihada, ukashukuriwa sokoni. Rukia aliposoma hapa akaniambia, "Bibi, sasa tufanye nini? Mwisho wake lazima uwaambie kitu." Sijui nini. Kaeni chini, watazameni maiti. Wa kwenye simu siwezi kuwasaidia. Wajukuu zangu wadogo wanajifungia na simu wanaua watu chungu nzima kwa kidole gumba, na waliokufa hawana magoti wala mikono ya mimi kutazama. Na kama mtamwona anayekufa kila siku, mtamjua, na huenda msiweze kitu. Nami nilimjua mapema.

Nimalizie kwa hili la juzi, ndipo mtaelewa kwa nini nimekubali kuandika.

Rukia alisikia kwamba Himidi ni mtu mzima sasa, ana mke na binti, kajenga chumba na ukumbi Bwejuu, anafanya kazi ya bustani kwenye hoteli moja. Nikakaanga visheti. Rukia akanipeleka, akabaki dukani barabarani kuninunulia maji, nami nikakata kichochoro mwenyewe. Nyumba ni ndogo, imepigwa chokaa, mlango mzito kuliko nyumba yenyewe. Nikavua ndara kwenye kizingiti, kabisa, kama mtu ambaye keshakaribishwa. Kwa ndani namsikia mtoto anazungumza peke yake, ile sauti ya mchezo, inayopanda na kushuka. Moyo ukafurahi.

"Hodi."

Sauti ikakatika.

Nikangoja. Kwa mbali, nyuma ya nyumba, maji yanamwagika kwenye beseni, mama anakosha.

"Hodi jamani. Mimi Bi Kidawa wa mjini, nimemlea baba yako. Nimekuja na visheti."

Nikainama, kwa yale magoti yangu, mpaka nikakaa kwenye kizingiti. Nshawaambia, habari iko chini. Chini ya mlango pana uwazi wa vidole viwili hivi. Nikaona miguu midogo ya mtoto aliyechuchumaa, imebanana, haitikisiki. Pembeni yake kitambaa cha kanga kilichofungwa kikawa mtoto, na kiganja cha yule binti kimemfunika pale pangekuwa mdomo. Nikamsikia anamnong'oneza:

"Nyamaza. Wakipiga ya tatu wanakwenda zao."

Na ni kweli. Ndivyo tulivyofundishwa sote. Hodi ni tatu, usipoitikiwa unageuka unaondoka, huna haki ya kungoja. Ningeweza kuzunguka nyuma nikamwita mama yake. Ningeweza kumwimbia, kumpitishia kisheti chini ya mlango; mbinu ninazo nyingi. Lakini nilitazama vile vidole vya miguu, vimejikunja vimeishika sakafu, nikajua mtoto huyu hapumui, na hatapumua mpaka nimalize.

Nikasimama. Nikaweka mfuko wa visheti kando. Nikapiga ya tatu, taratibu, kwa sauti nzuri niliyonayo.

"Hodi."

Nikageuka. Nilikuwa bado nahangaika na ndara zangu nilipomsikia nyuma ya mlango anashusha pumzi, halafu anamwambia mtoto wake wa kitambaa kwa sauti yake ya kawaida, sauti ya mlezi mzuri:

"Umeona? Nshakwambia."